Jinsi ya kutengeneza video ya sanaa inayouliza "mimi ni nani": mwongozo kamili, kuanzia swali hadi ukutani

Nilikuwa nimefunga na kufungua vifungo vya shati la marehemu baba kwa dakika 24 mfululizo mbele ya kamera, bila kusema neno. Mara uzi wa kifungo cha pili kutoka juu ukakatika. Kifungo kikaanguka, kikaviringika, kikatoka nje ya picha. Nikabaki nimesimama, vidole bado viko kifuani, nikitazama kilikopotelea. Kwa sekunde nane hivi sikuwa naigiza chochote. Nilikuwa mtoto wa mtu aliyefariki, nimevaa nguo isiyo yangu. Kamera iliendelea kurekodi, na sekunde hizo nane ndizo zilizoibeba video nzima.

Ninachotaka kukufundisha hapa ni namna ya kuzifikia sekunde kama hizo. Sanaa ya video ya aina hii, msanii akisimama mbele ya kamera yake na kuutumia mwili wake kuuliza yeye ni nani, haidai hadithi, waigizaji wala vifaa vya gharama. Simu inayorekodi vizuri inatosha. Inachodai ni tendo moja lenye sharti kali, na subira. Kwa uzoefu wangu, utambulisho wa mtu hujitokeza pale igizo linapomshinda. Kwa hiyo unapanga tendo litakalokushinda mahali fulani, na likikushinda, unaiacha kamera iendelee.

Hatua ya 1: Punguza swali mpaka lishikike

"Mimi ni nani" halirekodiki. Ni pana mno. Chukua daftari, na kwa siku tatu andika kila pale unapojikuta umebadilika kidogo: sauti unayoitumia ukipokea simu ya mkubwa wako wa kazi, kicheko unachokitoa ukiwa na wageni, jina la nyumbani ambalo mtu wa kazini akilitamka unashtuka, namna unavyokaa kitini ukiwa peke yako. Usichambue. Andika kilichotokea na mwili ulifanya nini.

Siku ya nne soma orodha yako kwa sauti. Kuna mstari mmoja utakaotamani kuuruka. Anza na huo.

Howardena Pindell, msanii Mmarekani mweusi, alitengeneza mwaka 1980 video ya dakika 12 juu ya jambo la aina hiyo: unasimulia uliyotendewa, halafu mtu asiyeyapitia anakuambia unayakuza. Anasimulia yeye mwenyewe, kwa sauti tulivu, ubaguzi aliokutana nao tangu utotoni. Kisha anatokea tena yeye huyo huyo, amejipaka uso weupe, amevaa wigi la nywele za dhahabu na miwani ya jua, akimjibu mwenzake kwa dharau. Mwili mmoja unabeba pande mbili za mazungumzo ambayo hayakuwahi kuwa ya haki. Ona jinsi swali lilivyo finyu. Hasimulii historia nzima ya ubaguzi. Anaonyesha yaliyomkuta darasani, harusini, na jibu alilopewa.

Hatua ya 2: Geuza swali kuwa tendo

Andika sentensi moja tu: nitafanya jambo hili, kwa sharti hili, hadi jambo hili litokee. Yangu ilikuwa: "Nitafunga na kufungua shati la baba, kuanzia juu kwenda chini, bila kuacha, kwa dakika 30." Mingine hii hapa, ichukue kama ilivyo ukipenda:

- Nitatamka jina langu kamili, pumzi moja jina moja, hadi sauti ikauke.
- Nitakaa kama mama alivyokaa kwenye picha yake ya ujanani, bila kujitingisha, hadi mwili ukatae.
- Nitajibu swali "unatoka wapi?" mara 100, na jibu lisijirudie.

Mpe sentensi yako mtu asiyekujua. Akiweza kuitekeleza bila kukuuliza kitu, imekamilika. Akiuliza "kwa hisia gani?", bado, maana umeacha mwanya wa kuigiza hisia. Hisia huja zenyewe mwili ukichoka.

Vito Acconci mwaka 1971 alinyoosha kidole kuelekea katikati ya skrini iliyokuwa ikimwonyesha yeye mwenyewe, akakaa hivyo dakika 22 hivi. Hakuna kingine. Unachotazama ni mkono unaozidiwa na mtu anayejitahidi kuurudisha mahali pake, na kadiri muda unavyokwenda unaanza kujiuliza kidole kile kinamwelekea nani, yeye au wewe.

Kuhusu vinyago, vioo vilivyovunjika na rangi za usoni: kila anayeanza huvikimbilia, na karibu kila mara vinamfunika badala ya kumfunua. Kinyago kinafaa kikiwa na kazi ya kufanya, mathalani kikikuzuia kupumua vizuri hadi sauti yako ibadilike. Kama kipo kwa ajili ya kumwambia mtazamaji "hapa pana jambo la utambulisho", kitoe.

Usivae utambulisho wa watu usioishi nao, ukajipa haki ya kuuigiza kwa kuwa ni "majaribio". Pindell aliweza kumvaa yule mwanamke mweupe kwa sababu alikuwa amesemeshwa na watu wa namna yake maisha yake yote. Jiulize: huyu ninayemwigiza amewahi kuniumba, kunilea, kunidharau au kunitawala? Kama hapana, rudi hatua ya kwanza. Na sharti lisikudhuru. Tendo likihusu maji, urefu au pumzi, lazima awepo mtu wa pili chumbani, mkiwa mmekubaliana ishara ya kusimamisha.

Fanyia tendo lako mazoezi dakika tano tu, bila kamera, kuona kama linawezekana. Ukizidisha utakuwa umeshalizoea, na siku ya kurekodi hutashindwa popote.

Hatua ya 3: Amua kamera ni nani

Hapa nitakaa kidogo, maana hapa ndipo video nyingi hufia bila mwenyewe kujua.

Sura yako unayoijua ni ya kwenye kioo. Kamera hurekodi ile wanayoiona wengine: kovu limehamia upande wa pili, mgawanyo wa nywele umegeuka. Ndiyo maana watu wengi hawajipendi kwenye video, wakadhani kasoro ni ya kamera. Kamera ya mbele ya simu huongeza mkanganyiko: ukijitazama inakuonyesha kama kioo, lakini simu nyingi ukihifadhi zinageuza, nyingine hazigeuzi. Shika karatasi yenye maandishi, rekodi sekunde tano, uone simu yako inafanya lipi. Uchague kwa kukusudia, kwa sababu mtazamaji atakutana na mtu mmoja kati ya hao wawili.

Kisha amua kama utajiona unaporekodi. Ukijiona kwenye skrini, utajirekebisha kila sekunde: kidevu juu, tumbo ndani. Hilo lenyewe linaweza kuwa mada. Mwaka 1976 mwanahistoria wa sanaa Rosalind Krauss aliandika makala mashuhuri akisema video inamweka msanii katikati ya mashine mbili, kamera upande huu na skrini upande ule, kama mtu aliyezama katika taswira yake mwenyewe. Kama swali lako ni la kujipamba na kujitengeneza, jiweke hapo katikati, na skrini iwe karibu kabisa na lenzi.

Usipojiona, baada ya dakika kumi hivi unaisahau kamera. Kwa kazi ya kwanza nakushauri njia hii. Geuza skrini, ifunike kwa karatasi, tumia kamera ya nyuma ya simu. Utapoteza uhakika wa fremu, yaani kilichomo ndani ya picha, lakini utampata mtu.

Njia ya tatu ni kujiona kwa kuchelewa. Dan Graham mwaka 1974 alijenga chumba cha vioo chenye skrini iliyomwonyesha mgeni alichokifanya sekunde 8 zilizopita. Unaweza kulifanya hili kwa kompyuta: programu za kurusha matangazo mubashara zina kipengele cha kuchelewesha picha. Jitazame ukiwa sekunde chache nyuma yako, jaribu kumfuata, uone nani anamwongoza nani.

Na unaweza kuiacha skrini yenyewe iharibike. Joan Jonas mwaka 1972 alitumia hitilafu ya televisheni za wakati ule, picha kuviringika wima bila kutulia, akairekodi skrini hiyo kwa kamera nyingine. Mwili wake unakatwakatwa na mstari mweusi unaopita tena na tena, huku kijiko kikigongwa kwa mdundo. Mwishoni kichwa chake kinajitokeza mbele ya skrini, na ghafla kuna wanawake wawili: yule aliyemo ndani ya kasha na huyu aliye nje. Ukitaka kujaribu, cheza rekodi yako kwenye televisheni, zima taa, uirekodi skrini hiyo kwa simu yenye programu inayokuruhusu kupanga kasi ya shata, yaani muda ambao kamera inapokea mwanga kwa kila picha. Ibadilishe kasi kidogo kidogo mpaka mistari ianze kutambaa juu ya picha. Usiiondoe. Cheza nayo, ingia katikati ya skrini na kamera, gusa uso wako wa jana kwa mkono wa leo.

Hatua ya 4: Mwanga na ngozi

Mwanga hauko upande wa watu wote. Kwa miongo kadhaa maabara za picha zilipima rangi kwa kadi za Kodak zilizokuwa na picha ya mwanamke mweupe, zikajulikana kwa jina Shirley, na ngozi nyeusi ikawa inatoka kama kivuli chenye meno. Kamera za leo ni bora zaidi, ila bado zinakadiria mwanga kwa wastani wa picha nzima. Mtu mweusi akisimama mbele ya ukuta mweupe, kamera inapunguza mwanga ili ukuta usiungue, na uso unazama.

Dawa yake ni rahisi. Gusa uso kwenye skrini ya simu na ushikilie hadi mwanga na fokasi vifungwe, kisha pandisha mwanga kidogo kwa kidole. Ukuta uwe wa rangi ya kati, si mweupe. Taa kubwa moja iliyofunikwa kwa shuka jeupe, ikae upande, ngozi ipate mng'ao shavuni. Ngozi nyeusi hupendeza kwa mng'ao kuliko kwa kumulikwa usoni moja kwa moja. Mwanga wa dirishani ni mzuri, lakini mawingu yatakubadilishia picha katikati ya mkupuo, yaani rekodi moja isiyokatizwa. Kama tendo lako ni la muda mrefu, mabadiliko hayo yanaweza kuwa saa yako: mtazamaji aone jioni ikiingia huku wewe bado unafunga vifungo.

Hatua ya 5: Mpangilio wa kamera

Kwa haraka. Kamera iwe kwenye stendi, isisogee. Fremu (picha) 25 kwa sekunde na shata 1/50 kama umeme wa kwenu ni wa hezi 50. Kama ni hezi 60, fremu 30 na shata 1/60, la sivyo taa zitapepesa. Funga fokasi, mwanga na rangi, visijibadilishe vyenyewe. Weka simu katika hali ya ndegeni. Kwa ubora wa megabiti 20 kwa sekunde, dakika moja ni megabaiti 150, nusu saa ni gigabaiti 4.5, hivyo hakikisha nafasi ipo. Kamera nyingi za zamani za picha za mnato hujizima zikifika dakika 29 na sekunde 59. Ijue yako kabla haijakukatia pale ulipoanza kushindwa.

Simamisha kamera kwenye usawa wa kifua au macho. Ya juu inakudogosha, ya chini inakukuza, na zote mbili ni kauli. Acha nafasi tupu pembeni ya mwili. Kifungo changu kilihitaji mahali pa kupotelea.

Hatua ya 6: Sauti

Weka maikrofoni karibu na tendo, si karibu na kamera. Katika video ya shati nilibandika maikrofoni ndogo ya kwenye kola upande wa ndani, na kinachosikika ni kucha zikigusa kifungo, kitambaa kikijisugua, na pumzi yangu ikibadilika kuanzia dakika ya 15. Bila sauti ile ungeona mtu anavaa nguo. Rekodi pia dakika moja ya chumba kikiwa kimya. Utaihitaji wakati wa kuhariri.

Sauti pia ndiyo mahali rahisi pa kutenganisha mtu na mtu. Gillian Wearing, msanii wa Uingereza, mwaka 1997 alimhoji mama na wanawe mapacha, kisha akawabadilishia sauti: mama anafuatisha kwa mdomo maneno ya watoto wake juu yake, nao wanafuatisha ya mama yao. Maneno makali yanatoka katika kinywa cha aliyekusudiwa kuumizwa nayo. Ukitaka kujaribu, rekodi kwanza sauti peke yake, mhusika aisikilize kwa siku mbili hadi aijue kila pumzi na kila kusitasita, kisha umrekodi akiifuatisha kwa spika ya sikioni. Piga makofi mara moja mwanzoni na mara moja mwishoni ili ulinganishe sauti na picha, kwa sababu simu nyingi hazishiki kasi moja ya fremu na mdomo utaachana na sauti taratibu.

Sauti ya mtu mwingine ni ya mtu mwingine. Mwonyeshe kazi iliyokamilika kabla ya umma, na akikataa, kazi haitoki. Idhini aliyoitoa kabla ya kujiona haitoshi.

Hatua ya 7: Siku ya kurekodi

Kula mapema, waambie wa nyumbani, funga mlango. Washa kamera, kaa kimya dakika moja, anza. Hakuna kurudia kwa sababu umekosea. Ukikosea endelea, ukicheka endelea, machozi yakija usiyafute kwa haraka wala usiyatafute. Muda ukiisha, usiikimbilie kamera. Hesabu hadi 60 moyoni ukiwa hapo hapo. Mara nyingi uso wa mtu anayedhani amemaliza ndio uso wenyewe.

Rekodi mikupuo miwili kwa siku, isizidi. Ya tatu utaanza kuiga ya kwanza.

Kama unataka kuonekana mara mbili katika fremu moja, kamera na taa visiguswe kabisa. Bandika utepe sakafuni kugawa chumba, fanya upande wa kushoto, badili nguo, fanya upande wa kulia huku ukijisikiliza wa kwanza kwa spika moja ya sikioni. Katika kuhariri, weka video moja juu ya nyingine na ukate nusu yake kwenye mstari. Mkono au kivuli kisivuke. Peter Campus alikwenda mbali zaidi mwaka 1973: kamera mbili, moja kila upande wa ukuta wa karatasi, picha zikiwekwa juu ya nyingine, naye akaikata karatasi na kupita. Kwenye skrini anaonekana akitoka kupitia mgongo wake mwenyewe. Kwa kompyuta ya leo unaweza kulirudia kwa alasiri moja, lakini mshono uonekane kidogo. Mshono ndio unaomwambia mtazamaji kuwa mtu huyu amejigawa.

Hatua ya 8: Kutazama, kisha kukata kwa uchache

Acha rekodi wiki nzima. Kisha itazame mara tatu: bila sauti, bila picha, halafu zote pamoja. Kila mara andika dakika na sekunde ambapo ulisisimka, hata kama hujui kwa nini. Palipojirudia mara tatu ndipo moyo wa video ulipo.

Sasa swali moja tu la kuhariri: mtazamaji anahitaji kuchoka kiasi gani kabla ya kufika hapo? Nilijaribu toleo la dakika 3 la video ya shati. Kifungo kilianguka na hakuna aliyejali. Toleo la dakika 17 linafanya kazi, kwa sababu mtazamaji ameshahesabu vifungo pamoja nami na mwili wake umezoea mwendo unaovunjika. Kata mwanzo, kata mwisho, katikati usiguse. Muziki usiweke, unamwambia mtu ahisi nini kabla hajahisi. Ukitaka video ijirudie ukutani, tafuta fremu mbili zinazofanana, mwanzoni na mwishoni, uziunganishe.

Hatua ya 9: Ukutani

Ukubwa hubadilisha maana. Mwili ukionyeshwa kwa kimo chake halisi, miguu ikigusa sakafu, mtazamaji anasimama na mtu. Kwenye skrini ndogo yenye spika za masikioni anakuwa na siri. Berni Searle wa Afrika Kusini, katika kazi yake ya skrini mbili ya mwaka 2001, anapiga magoti huku unga mweupe ukimdondokea mpaka ngozi yake nyeusi inafunikwa, kisha anaukusanya na kuukanda. Skrini moja inamwona kwa mbele, nyingine kwa juu, na huwezi kuzishika zote kwa mara moja. Tumia skrini mbili pale tu ambapo mtazamaji anapaswa kuchagua na kukosa.

Andika ukurasa mmoja wa maelekezo: ukubwa wa picha, kiwango cha sauti, giza la chumba, namna ya kuwasha upya umeme ukikatika. Nilijifunza hili kwa uchungu. Ukumbi mmoja ulionyesha kazi yangu wiki mbili sauti ikiwa imezimwa, na hakuna aliyejua kuwa sauti ilikuwepo. Tangu hapo mstari wa kwanza wa ukurasa wangu unasema: "Video hii ina sauti. Unapaswa kusikia kucha."

Hifadhi nakala tatu kwenye vifaa viwili tofauti, moja ikae nyumba nyingine, na kila mwaka zifungue uone kama bado zinacheza. Hifadhi na rekodi ndefu isiyokatwa, pamoja na vitu vilivyotumika. Shati la baba nimelikunja ndani ya boksi moja na diski. Kifungo kimo kwenye bahasha ndogo juu yake. Sijakishona.